Wasifu wa Radomir

Radomir alifika kijijini kwetu Kishanda, wilaya ya Muleba, na kofia ya ngozi, kamera tatu na sifa zake mwenyewe. Alikuwa Mserbia, mwongozaji wa filamu na tamthilia za televisheni. Kwa wiki mbili nilizomtafsiria nilikariri maisha yake kuliko nilivyowahi kukariri historia ya kidato cha nne. Alizaliwa Belgrade. Filamu yake ya kwanza ilipata tuzo. Ya pili haikupata. Baada ya hapo aliongoza tamthilia ya jengo moja la ghorofa, vipindi mia tatu, watu wanafungua mlango, wanagombana, wanafunga mlango. Sasa ana miaka sitini na minane, amekuja Muleba kutafuta ukweli, kana kwamba kwao umeisha.

Aliutafutia kwenye kibanja cha mzee Datius, shamba linaloizunguka nyumba yake. Mke wa mzee, bibi Kokugonza, alimruhusu apige picha za migomba na kahawa, kisha akaenda Bukoba kumuuguza mumewe aliyelazwa kwa ugonjwa wa mapafu. Nami nilikwenda huko huko kufuata betri. Kesho yake tuliporudi, tulikuta kaburi.

Kaburi kamili, refu kuliko kimo changu, pembeni ya makaburi ya wazazi wa Datius. Radomir alitaka tukio la mazishi, akaleta vijana wawili kutoka mbali, Kimwani, wasiomjua mwenye kibanja, wakamchimbia.

Bibi alitua kikapu chake taratibu.

"Waitu, jamani, nani amekufa?"

"Hakuna, bibi. Ni la filamu."

"Mzee wangu yuko hospitali, ninyi huku mnamchimbia."

Kwetu kaburi likishachimbwa halifukiwi tupu, na likiachwa wazi linasubiri mtu. Aliyekuwa karibu zaidi kulijaza alikuwa Bukoba, anavuta hewa ya mtungi. Nikamweleza Radomir. Akasema ni nzuri sana hiyo, bibi airudie mbele ya kamera, ila apunguze mikono.

"Anasemaje?" bibi akauliza.

"Anasema upunguze mikono."

Bibi alimtazama kama mtu anayetazama mbuzi aliyeingia sebuleni.

"Basi mwambie anazikwa yeye."

Jirani yetu Nathanael akakata mgomba, kwa sababu kaburi la namna hiyo hulazwa mgomba badala ya mtu, nao lazima uitwe jina la mtu. Wakauvika shuka. Bibi akamvua Radomir kofia, akauvalisha mgomba. Majirani wakajaa, wanawake wakaanza kulia, na Radomir akarukia kamera kwa furaha. Mazishi yake aliyapiga picha mwenyewe.

"Wasifu nani anasoma?" Nathanael akauliza.

Wakanitazama mimi.

"Marehemu Radomir," nikaanza, "alizaliwa Belgrade. Alipata tuzo moja, akaitaja mpaka mauti yalipomkuta. Alifungua na kufunga milango mara mia tatu. Alikuja kwetu kutafuta ukweli, akaambiwa, akasema tupunguze mikono. Ameacha kofia."

"Amefanya kazi, tata, baba wa watu," akasema Alistidia, mmoja wa wanawake waliokuwa wakilia, huku akijifuta machozi ya kicheko.

Radomir, naye akicheka, alinigusa bega. Akauliza ninasoma nini. Nikamtafsiria neno kwa neno, sikuacha hata kofia. Aliacha kucheka. Akauliza kama ni hayo tu.

"Ndiyo uliyonisimulia," nikamjibu.

Akazima kamera. Nathanael akampa koleo, naye akatupia udongo wa kwanza, kichwa wazi, kipara kinang'aa. Asubuhi aliondoka.

Mzee Datius alirudi baada ya siku kumi, amekonda lakini anagomba, dalili njema. Alilitazama tuta jipya.

"Huyu nani?"

"Mzungu wa filamu," bibi akamjibu.

"Alikuwa mtu wa maana?"

Bibi aliendelea kumenya ndizi.

"Alijaza shimo."