Alichosema Filomena Mbele ya Kamera

Filomena Silveira alikuwa na miaka minne Hollywood na hakuna filamu hata moja iliyomwonyesha uso vizuri. Alishapita nyuma ya waigizaji wakubwa akibeba sinia, alishakimbia moto pamoja na umati, alishakuwa maiti mara mbili. Kwenye karatasi za studio aliitwa Faye Marlow, yatima wa familia bora. Yatima, na mama yake mzazi Deolinda yu hai San Diego, anasafisha jodari kiwandani pamoja na Wareno wenzake, mikono inanuka samaki hata Jumapili kanisani!

Deolinda alikuwa kiziwi. Homa ilimziba masikio wakati Filomena angali mchanga, basi mtoto akakua akisema na mama yake kwa midomo. Kila alipotamka "Mama", mdomo ulifunguka wenyewe, neno baada ya neno, taratibu, na mama akamsoma bila kukosea.

Mwaka 1919 bahati ikamwangukia. Msichana aliyepangiwa kumlilia mama anayekata roho kwenye filamu aliugua ghafla, na mwongozaji, Bwana Kessel, akamwita Filomena. Kamera ingemsogelea uso mtupu. Akilia vizuri, mkataba ni wake.

Hakulia. Mpiga fidla wa studio alipiga nyimbo za huzuni mpaka jasho likamtiririka, Filomena macho makavu.

"Wewe binti, una moyo wa jiwe?" Bwana Kessel alifoka. "Mbuzi anayepelekwa sokoni ana huzuni kukushinda!"

"Nitieni machozi ya chupa, bwana."

"Kamera ikiwa karibu hivi? Watu watatucheka. Filamu haina sauti, binti. Sema lolote linalokuuma, hata matusi. Nani atakusikia?"

Kweli, nani? Filomena akaushika mkono wa yule bibi aliyeigiza mama kitandani, akasema kwa Kireno: "Mama, nimewaambia watu umekufa. Nakuonea haya. Kuna siku natamani ingekuwa kweli."

Machozi yakamwagika. Mafundi wa taa wakapiga makofi, Bwana Kessel akambusu kwenye paji la uso. Mkataba akaupata, na afadhali niseme mapema kwamba haukumfikisha popote: filamu tatu, kisha akasahaulika. Lakini siku ile alijiona yuko mbinguni. Akaandika barua nyumbani kwamba safari hii mama aende sinema, atamwona mwanawe.

Filamu ilipoonyeshwa Los Angeles, usiku uleule na San Diego, alikaa katikati ya ukumbi. Uso wake ukaja, mkubwa kama ukuta. Mdomo ukafunguka taratibu. Filomena akajisoma neno kwa neno: nimewaambia watu umekufa. Aliwezaje kusahau? Alikuwa anasema na mama, akasema jinsi alivyozoea. Asubuhi akapanda treni ya kwanza.

Leopoldina, jirani yao, alimpokea mlangoni kwa vigelegele.

"Nyota wetu! Shoga yangu, mama yako, jana alikaa mbele kabisa, kavaa shali yake ya harusi. Sisi tulilia kama tumefiwa!"

"Na Mama alilia?"

"Yeye hata chozi. Tukasema huyu fahari imemzidi, kaduwaa. Ingia, ingia!"

Deolinda alikuwa jikoni akimenya viazi. Alimtazama binti yake midomoni, kama miaka yote.

"Mkataba wamekupa?" akauliza kwa sauti yake nzito.

"Wamenipa, Mama."

"Vizuri. Umeuhangaikia."

"Mama, yale ya jana yalikuwa..." Filomena akapiga magoti. Alitaka kusema yalikuwa ya kazi tu, akaghairi. "Nilikosa, Mama. Nisamehe."

Deolinda hakuona hata hilo neno la mwisho. Alishafumba macho.

Filomena akamshika mashavu. Akamweleza yote, aibu yake, ujinga wake, jinsi anavyompenda, alivyompenda siku zote. Akasema, akapaza sauti, akapiga kelele mpaka Leopoldina akatokea mlangoni na majirani wengine nyuma yake. Mtaa mzima ulisikia alivyoomba msamaha. Mama yake alikaa palepale, kisu mkononi na kiazi nusu kimemenywa, macho ameyafumba, akisubiri anyamaze.