Bibi Dafrosa Apewa Koldwiki

Kijiji chenyewe kinaitwa Koldwiki, kipo Uingereza, kina watu mia moja arobaini na watatu, na kina kitabu. Watu mia moja arobaini na watatu! Bibi Dafrosa, aliyebanwa kwenye dawati la darasa la tatu magoti yakikaribia kidevu, alipiga hesabu kimoyomoyo akaona hao wote wangeenea kwenye sherehe ya kipaimara ya mjukuu wake, na wali ungebaki. Lakini kitabu wanacho. Kurasa arobaini za historia na jiografia, na picha ya daraja.

Kililetwa kijijini Kalungusi, huku upande wa Sibwesa, na mama mmoja wa Kizungu aliyekuja mwaka jana kutazama mizinga ya nyuki. Alikula ugali wa muhogo akasema mtamu sana, kisha akanywa maji vikombe vinne. Akaacha kitabu na ombi: nanyi tuandikieni ukurasa mmoja wa historia yenu, tutauweka kwenye fremu kanisani kwetu, watu wausome miaka yote. Ndiyo maana siku hiyo mkutano wa kijiji ulijaa darasani, na mwalimu Happiness alikuwa mbele akikisoma kitabu kwa Kiswahili.

"Koldwiki ina kilima," alisoma, "chenye urefu wa mita tisini."

Watu wakatazamana. Kichuguu cha nyuma ya kwa Kashinje kikipata mvua mbili nzuri si kitafika huko?

"Ina mto pia, unaovukwa kwa hatua tatu."

"Ng'ombe wangu wakifika hapo saa mbili asubuhi," akasema mzee Kashinje, mfugaji, "saa nne hao watu watabadilisha kitabu."

"Mwaka 1703 upepo uliezua paa la kanisa. Mwaka 1788 nguruwe aliingia kanisani wakati wa ibada."

"Na hapo katikati?"

"Hapo katikati hakuna kilichotokea, wameandika hivyo hivyo."

Bibi Dafrosa alicheka mpaka machozi, kisha akayafuta kwa ncha ya kanga. Nguruwe wa watu ameandikwa. Mama yake, marehemu Pudensiana, hajaandikwa popote. Msalaba wake wa mti ulishaliwa na mchwa, na jina likaenda nao. Leo walau, alijiambia, leo ataingia kwenye karatasi.

Mwenyekiti wa kijiji, bwana Lyamba, akasimama. Yeye ukurasa alikuwa ameshauandika nyumbani, kuwapunguzia wananchi taabu ya kufikiri.

"Kijiji cha Kalungusi," alisoma, "kilianzishwa mwaka 1974 na marehemu baba yangu, Silvesta Lyamba, aliyeingia porini peke yake na kugundua chemchemi."

Peke yake. Naam, peke yake pamoja na watu arobaini na kuku zao, ndani ya lori moja.

"Mwanangu mwenyekiti," Bibi Dafrosa akanyoosha mkono, "hiyo chemchemi mama yangu alikuwa..."

"Mama, muda hautoshi. Mwenye maoni ayalete kwa maandishi, kurasa zisipungue mbili, kabla ya kesho."

Bibi aliishia darasa la nne, na mwenyekiti alilijua hilo vizuri kabisa. Bibi akamtazama mwenyekiti akitafuta muhuri mfukoni. Muhuri ukishagongwa, basi tena. Bibi akajivuta kutoka kwenye dawati, magoti yakalia.

"Kitendawili!"

Hata waliokuwa wanasinzia waliitikia. "Tega!"

"Namtegea mwenyekiti peke yake, nyie wengine fungeni midomo. Wachota maji wangu hawana ndoo wala kata, ukiwafuata hukosi kisima."

Lyamba alitaka kukataa, lakini mwenyekiti gani anakimbia kitendawili mbele ya kijiji kizima?

"Ng'ombe!"

"Wangu wanakunywa," akasema Kashinje, "kuchota sijawafundisha."

"Mvua!"

"Umekosa," bibi akamhurumia. "Jaribu tena, baba."

Jasho likamtoka, kisha uso ukamng'aa. "Jembe! Jembe la marehemu baba, alilochimbia chemchemi yetu!"

Rozalia, aliyekuwa ametoka huko huko chemchemini na ndoo yake, akaangua kicheko, na wote wakamfuata. Chemchemi ya Kalungusi inatoka kwenye ufa wa mwamba mtupu. Jembe la kuuchimba mwamba ule bado halijafuliwa.

"Umeshindwa," bibi akasema. "Nipe mji."

"Chukua Mpanda."

"Nilikwenda juzi kutibiwa macho. Sikai."

"Basi Dar es Salaam."

"Joto lile na mafuta yangu haya? Nitayeyuka."

"Mama! Chukua hiyo Koldwiki, tuendelee na kazi!"

"Yote?"

"Yote! Na kilima chake!"

"Mmesikia nyie?"

"Tumesikia!"

Bibi akafunga kanga vizuri, maana aliyepewa mji lazima aeleze alivyofika.

"Nimekwenda Koldwiki. Nimekipanda kilima chao, hata pumzi haikubadilika. Mto nimeuvuka, nikarudi kuutafuta. Wenyeji wote wakaja kunipokea, na nguruwe wao. Wakafungua kitabu wakaniuliza: bibi, maji ya Kalungusi nani aliyaona kwanza? Nikawaambia, wachota maji wasio na ndoo ni nyuki. Mama yangu Pudensiana alikwenda kuni wakati wa kiangazi, kiu imemshika, akaona nyuki wanashuka mwambani jua la utosini. Akawafuata, akaingiza kiganja kwenye ufa, kikalowa. Akajenga hapo hapo. Lori lilipokuja baadaye likashusha watu palipo na maji, na palipo na maji alikuwepo mwanamke. Silvesta alikuwa mtu mwema. Aliomba maji kwa adabu, na mama akampa kata."

Lyamba akakohoa. "Mama, hayo ni ya kitendawili. Historia ni kitu kingine."

"Mwenyekiti," akasema Kashinje, "ukurasa huu unakwenda wapi?"

"Koldwiki."

"Na Koldwiki sasa ni ya nani? Umeitoa wewe, kwa mdomo wako, mkutano mzima tunasikia. Mwenye mji si ndiye anayesema kwake kutundikwe nini?"

Lyamba alimtazama mwalimu Happiness, ambaye naye alikuwa anaangalia dari. Muhuri ukarudi mfukoni. Mwalimu akachukua karatasi mpya, akaandika juu kabisa, kwa herufi kubwa: PUDENSIANA.

"Mwaka gani, bibi?"

"Mwaka ule mimi niko mgongoni mwake, sina jino hata moja. Na Silvesta mwandike, mwanangu. Mwandike alikuwa wa kwanza kuleta ndoo."

Mwenyekiti akasogea karibu na dawati la bibi, akainama, sauti yake ndogo kama ya mtoto wa darasa lenyewe.

"Mama, ahsante kwa hilo la ndoo. Naomba moja tu. Lile la jembe wasiliandike."

"Hilo sasa ni zito, baba," Bibi Dafrosa akasema. "Nipe muda nikawaulize watu wangu, wote mia moja arobaini na watatu."