Mkono wa Kushoto wa Fundi Kola

Mke wa fundi kola alikuwa amefika kwenye ncha ya kola. Alikaa wima kwenye kiti cha plastiki, ukanda wa shaba umembana paji la uso, macho ameyafumba. Kichwani mwake mumewe alikuwa akikipindua kitambaa kwa mkono wa kulia na kuisukuma ncha kwa ukucha wa kidole gumba, mpaka ikachomoza kali bila kutoboka. Kwenye skrini mbele yake msimbo ulishuka mstari kwa mstari, kadiri alivyowaza. Nyuma ya kioo, katika chumba cha pili, mkono wa chuma uliipindua kola ya kweli, ukaisukuma ncha, ukaiweka juu ya nyingine.

"Safi," alisema msimamizi.

Ofisi hiyo iliajiri wake za mafundi tu. Hapo mwanzo kiwanda cha mashati kiliwavika ukanda mafundi wenyewe, lakini fundi akiambiwa awaze mkono wake huwaza mpira, au mguu unaomuuma. Mke ndiye aliyeutazama mkono ule miaka nenda, miaka rudi, bila kujua kwamba anautazama. Wanawake waliuita ukanda ule kilemba.

"Cha ukoka," mke wa mkata vitambaa aliongeza kila walipouvaa, na wote wakacheka, hata msimamizi.

Alichokiwaza mke na kikageuka msimbo, kilimtoka mume mkononi. Hilo lilijulikana, na lilikuwa limebandikwa ukutani pamoja na tangazo la kutovuta sigara. Mke wa mkata vitambaa alipomaliza sehemu yake, mumewe aliamka asubuhi akaushika mkasi kama mtu aliyeshikishwa samaki hai. Kiwanda kilimpa kiti kando ya mashine, kazi yake ikawa kuitazama.

Mke wa fundi kola alijaribu kudanganya mapema. Alimwaza mumewe akishona ovyo, kola imepinda kama sikio la mbuzi. Msimbo uliotoka ulishona kola iliyonyooka. Ukanda haukujali alichotaka kusema. Ulichukua alichokijua.

Ila kasoro moja ilipita. Mumewe alikuwa na mazoea ya kulamba kidole gumba kabla ya kupindua kola, naye akayawaza pamoja na mengine. Sasa kwa kila kola mkono wa chuma ulisita, ukainuka hewani kutafuta mdomo, ukakaa hapo kidogo, kisha ukarudi kazini.

"Na hii je?" aliuliza msimamizi.

"Analamba kidole."

"Mashine haina mate, dada. Kesho tuanze kwa kuliondoa hilo, halafu tuingie mkono wa kushoto."

Alivua ukanda, akaupangusa kwa kitambaa kama walivyoelekezwa, akaenda nyumbani.

Mumewe alikuwa sebuleni, shati limefunguka kifuani, mkono wa kulia umelala juu ya goti kama kitu alichoachiwa na jirani akitunze. Mama yake alikaa kwenye mkeka, anachambua maharage.

"Vifungo vimenishinda," mume alisema. "Fundi wa mashati mzima! Wakinisikia kule watanicheka mpaka wastaafu."

Mkewe alimfunga vifungo, kimoja baada ya kingine.

"Na wa kushoto lini?"

"Kesho."

"Basi nipe chai niishike kwa kushoto, niufaidi."

Alimmiminia. Kisha akasema, bila kumwangalia mtu, "Kesho siendi."

Mama mkwe aliendelea kuchambua. Alitupa kijiwe mlangoni.

"Usipoenda wataniita mimi, mwanangu. Walishakuja hapa."

"Wakasemaje?"

"Waliniuliza kama naujua mkono wa mwanangu. Ningesema siujui, mimi niliyeuzaa?"

"Ungekataa, mama."

"Ningekataa. Na wewe ulikataa, si ndiyo? Wakaja na gari, wakakaa hapo ulipo, wakanywa chai yetu, wakamwambia mumeo ama mashine na kiti chake, ama mashine bila kiti. Ukaenda." Alipepeta maharage, maganda yakaruka. "Lakini mimi kola sizijui. Nikifumba macho namwona amenishika kidole, hajafungua hata macho. Namwona anatambaa. Namwona anajifunza kushika kijiko. Wakinivika mimi hicho kilemba chenu, wataanzia huko."

Mume alipuliza chai. "Mama, hata kijiko?"

"Hata kijiko, baba."

"Basi aende mke wangu," alisema. "Yeye alinikuta mkubwa."

Mama mkwe alichukua maharage yake akaingia jikoni.

Mke aliivuta nguo yake ya kazi kutoka kwenye kamba, akaanza kuipiga pasi, akiwa amewapa mgongo. Aliona kwamba kama hatautazama tena mkono ule wa kushoto hadi asubuhi, huenda angeenda ofisini akiwa anaujua pungufu, hata kidogo tu. Alikodolea macho ukosi wa nguo. Nyuma yake kikombe kilirudishwa mezani, naye akajua bila kugeuka kwamba mumewe amekizungusha ili mshikio uelekee dirishani, na kwamba kidole cha mwisho cha mkono wa kushoto ndicho kilichotangulia kugusa meza, kuipima ilipo.