Meza ya Dirishani

Kazi yangu ni kutafsiri. Leo asubuhi nilikwama kwenye neno renitent, kivumishi cha Kiingereza ambacho hata wenye lugha yao hawakitumii sana. Kamusi inasema asili yake ni Kilatini, kitenzi chenye maana ya kujikaza dhidi ya kinachokusukuma. Nikaandika “mkaidi,” nikakata. Mkaidi anaweza kukaidi peke yake. Huyu lazima awepo wa kumsukuma.

Hapo nikamkumbuka marehemu mume wangu. Miaka yote ya ndoa nilitaka meza hii ninayoandikia ikae dirishani, naye akaing’ang’ania ukutani. Nikisukuma huku, anasukuma kule.

“Bibie, leo hupati kitu!” ananiambia huku anahema.

“Mzee, achia meza ya watu!”

Tunanuniana mpaka chai inapoa.

Basi nikainuka, nikaisukuma. Ikaenda hadi dirishani bila ubishi wowote. Nikakaa kwenye mwanga nilioupigania maisha yangu yote, nisiandike hata neno.

Nikairudisha ukutani.

“Haya, umeshinda,” nikamwambia. “Sasa njoo unicheke.”