Polycarpe wa Kadutu
Mimi siyo mtu wa kubembeleza. Muzee akikataa kula, ninavuta kiti, ninamkazia macho mpaka aone haya. Ndiyo kazi yangu hapa Westerville, Ohio, Marekani, kwenye nyumba ya wazee. Lakini mwaka ule wa 2015 muzee Pennick alinishinda. Tangu Jumapili sahani ilikuwa inarudi jikoni kama ilivyokwenda, na muuguzi akasema akiendelea hivi tutampoteza.

Sababu ilikuwa televisheni. Muzee alikuwa mwigizaji kwao Uingereza maisha yake yote. Jumapili ile filamu yake moja ilionyeshwa, akawaita wenzake wote sebuleni. Akatokea kidogo tu: anafungua mlango, anapokea kofia ya tajiri, basi. Wakamuuliza, "Ni hapo tu?"

"Maisha mazima nimefungulia watu milango, Adolphine," aliniambia, ameugeukia ukuta. "Sikuwa mtu yeyote."

Nikainua macho kwenye picha zake za filamu za zamani juu ya kitanda. Kila siku nilizipangusa vumbi bila kuziangalia. Hapa boyi, mtumishi wa tajiri, pale padri, pale hakimu. Mama wee, pua ile!

"Polycarpe!" nikapiga kelele.

Akageuka. "Nani?"

Bon, nikakaa, nikamweleza. Kwetu Kongo, mji wa Bukavu, kule mtaa wa Kadutu, kaka yangu Cubaka alikuwa na kibanda cha video. Filamu zilikuwa za Kiingereza, donc ilibidi asimame karibu na televisheni, mikro mkononi, anatusimulia kwa Kiswahili na kuongeza uongo wake. Sura ya muzee huyu ilirudi filamu baada ya filamu, Cubaka akaamua ni mtu mmoja, Polycarpe. Alianza boyi, akamtoroka tajiri, akawa padri, akagombana na askofu, akaishia hakimu. Na sisi tuliamini kabisa! Wale vijana wazuri wa filamu hatukuwajali. Siku Polycarpe alipigwa risasi, mama zetu walimkalia matanga. Wiki iliyofuata akatokea anakunywa chai, wakapiga vigelegele mpaka jirani akaja kuuliza nani anaoa.

Muzee alikuwa ameketi sasa. "Na mwisho wake?"

Nikachukua kijiko, nikakoroga supu yake iliyokuwa inapoa kando ya kitanda. Vita viliingia, wakamuua Cubaka wangu, kibanda kikaungua. Tangu hapo sikumtaja Polycarpe kwa mtu, jina hilo lilikuwa linaniuma mno.

"Hakuna mwisho," nikasema. "Msimulizi alikufa."

Muzee akanitazama sana. "Basi malizia wewe."

Nikasimama karibu na kitanda, nikashika kijiko kama mikro. Eh Mungu wangu, sauti iliyotoka ilikuwa ya Cubaka, na ule ukali wake wote! Machozi yakanitoka, sikuacha kusimulia.

"Wapenzi watazamaji! Polycarpe amezeeka, amevuka bahari, amefika Ohio! Wamemletea supu! Atakula? Hatakula? Kadutu nzima inangoja!"

Nikachota supu, nikaielekeza kwake. Muzee Pennick alijua kazi yake. Akatungojesha kidogo, makusudi, kisha akafungua mdomo.