Ndama wa Mjane

Tangu ahamishiwe Bariadi kutoka Muleba, Respicius hakuwa ameona jambo la kumshinda. Alikuwa afisa mipango wa halmashauri, na mpango wake kwa kila mtu ulikuwa tayari kabla mtu mwenyewe hajamaliza kueleza shida yake. Alijua kwa nini vumbi la mtaa wao wa Somanda haliishi, alijua kwa nini wakulima wa pamba hawainuki, na aliwahi kumweleza mama lishe namna ugali unavyosongwa, yeye aliyelelewa kwa ndizi. Alijua pia kwamba atamuoa Milembe, muuguzi aliyekuwa akiishi nyumba ya tatu kutoka kwake. Hapo ndipo alipokuwa na hakika kuliko kwingine kote. Kilichobaki ni kaka yake Milembe.

Baba yao alikuwa ameshafariki, kwa hiyo mwenye neno katika ukoo alikuwa huyo kaka mkubwa, Maganga, karani wa mizani kwenye kituo cha kununulia pamba. Alikuwa mtu mnene wa maneno machache, na mizani yake ilijulikana hadi Mwandoya kwa tabia ya kupunguza uzito wa chochote kilichopandishwa juu yake. Respicius alituma mshenga. Mshenga akanywa chai, akaulizwa kama huko Bukoba mvua zinanyesha, akarudi. Akatumwa tena, akanywa chai tena. Maganga hakukataa wala hakukubali. Alisema tu, "Hatujamjua."

"Mtu ana digrii mbili, hawajamjua?" Respicius alimlalamikia Milembe.

"Digrii wamezijua. Wewe ndiye hawajakujua," Milembe alijibu. "Kaka akitoka kazini anashinda kwa Ndaki, kwenye gemu. Mfuate huko akuone. Ila ukifika, tafadhali, usimfundishe mtu kitu."

Maneno hayo ya mwisho yaliingilia sikio moja yakatokea la pili. Respicius alikuwa amesikia neno gemu, na moyo ulimruka. Chumbani kwake alikuwa na kompyuta, na kwenye kompyuta hiyo hapakuwa na gemu ambayo hakuimaliza. Wahenga walishasema, Mungu akitaka kukupa hakuletei barua.

Kwa Ndaki palikuwa chumba kimoja cha bati karibu na kijiwe cha bodaboda. Mlikuwa na televisheni kubwa, mabenchi, na pazia la kitenge la kuzuia jua. Watoto hawakuruhusiwa kuingia. Waliojaa humo ni wanaume wazima, wenye wake na mashamba, na wote walikuwa wamekwama mahali pamoja tangu msimu wa palizi.

Gemu yenyewe ilikuwa ya aina ile ambayo unapewa farasi, bunduki na nchi nzima, uende utakako. Ukitaka kuvua samaki, vua. Ukitaka kuiba benki, iba. Wanaume wa Somanda walikuwa wameiba benki zote za nchi ile, wakalipua madaraja, wakaua askari ambao hawakuwa na kosa lolote ila kuwa kazini, na hakuna aliyekosa usingizi. Kisha wakafika kwenye misheni ya mjane.

Misheni ilikuwa hivi. Mama mmoja amefiwa na mumewe, anataka ng'ombe wake wasindikizwe bondeni mpaka stesheni kabla treni haijaondoka. Unawaswaga vizuri, unavuka kijito, halafu kutoka kwenye mawe wanatokea majambazi. Wanapiga risasi hewani, wanamkamata ndama mmoja, wanatimka naye kuelekea milimani. Chini ya kioo linatokea agizo kwa Kiingereza: baki na kundi. Na kila mwanaume aliyeshika padi ya kuchezea katika chumba kile, akishafika hapo, aligeuza farasi na kumfuata ndama. Kundi lilitawanyika, treni ikaondoka, kioo kikawa cheusi, misheni ikafeli.

Walikuwa wamejaribu kila njia. Ndaki alibadilisha padi, akabadilisha televisheni. Josia, dereva wa bodaboda mwenye sauti ya kuuza mnadani, alitaka aitwe mtaalamu kutoka Bukundi, na Ndaki akakataa kwa kuhofia mtaalamu angenyunyizia dawa kwenye soketi. Waliwatukana waliotengeneza gemu kwamba hawajawahi kumiliki hata mbuzi. Walichoshindwa kabisa kukielewa ni kijiji chenyewe. Mjane anaibiwa mchana kweupe na hakuna anayepiga mwano, yowe la kuita watu? Kwao mwano ukilia, kila mwanaume anatoka na fimbo yake, awe mwenye ng'ombe au asiwe, na asiyetoka atajieleza mbele ya wenzake.

Haya yote Respicius aliyaona siku ya kwanza, akiwa amekaa ukingoni mwa benchi na shati lake limechomekewa. Alimwona Maganga akigeuza farasi, akimfuata ndama, akifeli, akishusha pumzi, akianza upya. Alijaribu kunyamaza. Tuseme haki, alijaribu kweli.

"Samahani, kaka," hatimaye akasema. "Pale chini imeandikwa ubaki na kundi."

"Tumeona," Josia akamjibu.

"Sasa kwa nini hambaki?"

"Ndama je?"

Respicius alitabasamu tabasamu lile la kwenye vikao, la kumvumilia mjumbe aliyeuliza swali nje ya ajenda. Akanyoosha mkono. Maganga alimtazama, akamtazama tena, kisha akampa padi.

Kwa kweli alicheza vizuri. Aliwaswaga ng'ombe bila kupoteza hata mmoja, akavuka kijito pale penye maji haba, na majambazi walipotokea hakushtuka. Ndama alilia. Spika za Ndaki zilikuwa kubwa, na kilio kilijaa chumba kizima. Respicius hakugeuka. Aliendelea mbele na kundi lake huku kilio kikififia nyuma, akafika stesheni, treni ikapiga honi, mjane akatoka kwenye kivuli cha paa akifuta macho, akamshika mkono, akamshukuru. Muziki ukapigwa. Maandishi ya dhahabu yakatokea. Tangu palizi hadi mavuno ya pamba, hakuna aliyewahi kuyaona maandishi hayo Somanda.

Akaweka padi pajani, akasubiri makofi.

Ndaki alinyanyuka akafungua pazia, kama chumba kimeingiwa na harufu. Josia alikuwa akitazama viatu vyake.

"Yule ndama," Maganga akasema.

"Yupi?"

"Aliyechukuliwa."

"Aa, yule. Yule gemu haimhesabu. Ni mtego tu, kaka. Unapoteza kimoja ili uokoe kundi. Hata kwenye bajeti ndivyo tunavyofanya."

"Alikuwa analia," Josia akasema.

"Ile ni sauti ya mashine, ndugu yangu."

"Mama wa watu amekushukuru," Maganga akasema, "na wewe umepokea shukrani. Hukumwambia kama amepungua."

Respicius aliikumbuka mizani ya kituo cha pamba. Jibu lilimfika kwenye ncha ya ulimi, tamu, limeiva, na tangu azaliwe hakuwa amewahi kuacha jibu la namna hiyo lipotee. Akalimeza. Lilimkwaruza koo lote.

"Basi siku mkisafiri Milembe akabaki njiani," Maganga akaendelea kwa sauti ileile ya chini, "utaniletea mabegi, uniambie safari imefanikiwa. Ndaki, irudishe pale tulipokuwa."

Ndaki akairudisha. Ushindi wa pekee wa msimu mzima ukafutwa mbele ya macho ya mwenyewe, na karani wa mizani mwizi akashika padi, akaenda kumtafuta ndama.

Respicius alimngojea Milembe amalize zamu ili amsimulie, na alimsimulia kama kichekesho. Aliiga sauti ya Josia. Aliiga Ndaki alivyofungua pazia. Milembe alikuwa akimenya karanga na hakucheka popote pale ambapo alipaswa kucheka.

"Ulimsikia akilia?" akauliza.

"Nani?"

"Ndama."

"Milembe, wewe umesoma. Ile ni gemu."

"Nimesoma, na ninajua ni gemu. Nimekuuliza kama ulimsikia."

"Nilimsikia."

"Na hukugeuka hata kidogo."

Hakulisema kama swali. Akatupa maganda, akapangusa mikono. "Baba na wenzake waliwahi kufuata nyayo za ng'ombe wa jirani walioibiwa," akasema. "Walipita Bukundi, wakaenda mbele huko porini, siku nenda siku rudi. Alirudi na homa, viatu vimekwisha."

"Wakawapata?"

"Hawakuwapata. Lakini alikwenda, na jirani alijua kwamba alikwenda." Alimtazama Respicius usoni, na kwa mara ya kwanza hakukuwa na utani machoni mwake. "Kaka hatakuuliza una nini. Anataka kujua nikipotea utafanyaje. Na sasa mimi mwenyewe nimeanza kujiuliza."

Respicius hakulala vizuri. Aliogopa, na alikuwa mtu asiyezoea kuogopa. Lakini asubuhi ilipofika, tabia yake ilikuwa imeshaamka kabla yake, na alipokuwa akipiga mswaki tayari alikuwa na mpango. Ulikuwa mwepesi. Atarudi kwa Ndaki, atashika padi, atamfuata ndama, atafeli, watampenda. Ukifika kwa wenye chongo, fumba jicho lako.

Jioni akatekeleza. Majambazi walipotokea aligeuza farasi kwa mbwembwe, akasema kwa sauti, "Masikini ndama wa watu," akatikisa kichwa, na kila baada ya muda aliiba jicho kumtazama Maganga kama anaona. Farasi aliingia kwenye mawe akakwama. Kioo kikawa cheusi. Respicius akajishika kiunoni, akasema, "Dah, inauma sana."

"Huyu anamfuata ndama kama anakwenda semina," Josia akasema. "Posho ya safari ameshasaini."

Chumba kiliangua kicheko, na hata Ndaki aliyekuwa akihesabiwa kuwa mtu wa heshima alijifunika uso kwa kofia. Maganga hakucheka. "Mguu unakwenda kule," akasema, "jicho liko huku."

Hilo lilimchoma kuliko yote. Kudharauliwa kwa kushinda kulikuwa kumeshaanza kuzoeleka, lakini kudharauliwa hata katika kufeli kulikuwa jambo jipya. Uso ulimwaka. Hakuomba ruhusa, alibonyeza tu, akaanza upya.

Safari hii aliswaga vibaya kwa sababu ya hasira. Kijito nusura kimchukulie ng'ombe wawili. Majambazi walipotoka kwenye mawe, mmoja wao, mwenye kofia nyekundu, alimchapa ndama mjeledi wa mgongo, na ndama akapiga magoti kabla ya kuburutwa. Siku zote alikuwa akifanya hivyo, kwa kila mchezaji, lakini Respicius hakuwa amewahi kutazama. Kitu kikampanda kifuani. Kilikuwa hasira tupu ya kuonewa, na hakukuwa na mpango wowote ndani yake.

Akageuza farasi.

"Usipite mawe, zungukia kulia," Josia akasema, na Respicius akazungukia kulia. "Teremka hapo. Usipige risasi, utampiga ndama." Hakupiga. Tangu aje Bariadi hakuwa amefundishwa kitu akakitii, na sasa alitii kila neno, kutoka kwa yeyote aliyelitoa, huku akimtukana mwenye kofia nyekundu kwa Kihaya matusi ambayo mama yake hakujua kama anayajua. Benchi lilimtoka chini, akawa amesimama. Alifika karibu mpaka akaona doa jeupe kwenye paji la ndama. Kwa mbali, nyuma, treni ilipiga honi, na mtu mmoja tu katika chumba kile hakuisikia.

Kioo kikawa cheusi.

"Rudisha," Respicius akasema. "Ndaki, rudisha. Nilikuwa nimemfikia. Yule mwenye kofia nimeshajua anapopita, kuna njia pale chini ya mti mkavu, nikiwahi hapo nampata. Rudisha haraka."

Shati lilikuwa limemchomoka. Hakumtazama Maganga. Hakumtazama mtu yeyote. Macho yalikuwa kwenye kioo cheusi, na kidole kilikuwa kikibonyeza padi ambayo haikuwa ikijibu.

Maganga akanyanyuka taratibu, akaichukua padi kutoka mikononi mwake, akamsogezea benchi.

"Kaa kwanza, shemeji," akasema. "Na wenzako wanamtafuta."