Kinyumbe cha Sheria

Mkaguzi wa ujenzi alipopaka alama nyekundu kwenye chumba nilichomjengea binti yangu, sikubabaika. Nimekuwa mwashi miaka arobaini na mmoja, na kusoma nimesoma ukubwani, madarasa ya jioni, saruji ikiwa bado kwenye kucha. Kanuni za ujenzi za manispaa ninazo nyumbani na nimezimaliza zote. Makosa yangu niliyajua: sikuomba kibali, na ukuta uko nusu mita kutoka mpakani badala ya mita moja na nusu. Nilijua pia kifungu cha kuniokoa. Jirani wa upande ule akiridhia kwa maandishi, kamati inaweza kutoa kibali hata kama jengo limekwisha kusimama.

Jirani wa upande ule ni mdogo wangu, tumbo moja. Linta ya mlango wa chumba hicho, ile boriti ya zege ya juu, tuliinyanyua pamoja, yeye kule mimi huku, akinitania, "Kaka, uzee umeanzia magotini, mikono bado kijana." Binti yangu alikuwa ameachika, ana watoto wawili, na chumba hicho ndicho kwao. Nilimwambia mdogo wangu nitahitaji sahihi yake.

"Hilo tu?" akasema. "Hata dole gumba nitakupa."

Siku ya kamati tulikaa benchi moja. Mwenyekiti, mama mwenye miwani iliyoshuka puani, akaniuliza kama najua kilichonileta.

"Najua, mheshimiwa. Kosa nalikiri. Naomba kifungu cha kumi na nne."

"Leo tumepata wakili," akacheka.

"Mwashi, mheshimiwa. Ila nasoma."

"Basi soma na hii. Ndiyo iliyotufikisha kwako."

Akanisogezea barua isiyo na jina. Herufi zilikuwa kubwa kubwa, za mtu anayejificha. Nikasoma kwa sauti, maana tangu nilipojua kusoma sijawahi kuona haya kusoma mbele za watu.

"Kuna mzee amejenga chumba kinyumbe cha sheria..."

Nikarudi nyuma kulitazama neno hilo.

"Kinyume, mzee," mkaguzi akanisahihisha.

Sikukosea mimi. Imeandikwa hivyo. Mwaka wangu wa kwanza wa masomo nililisikia vibaya neno hilo, nikadhani limetokana na nyumba: mtu akijenga vibaya, amejenga kinyumbe. Kila nilichojifunza jioni nilimfundisha mdogo wangu alfajiri kabla ya kwenda kazini, na hilo nikamfundisha, tena kwa maelezo marefu. Mwaka wa pili mwalimu akanisahihisha mbele ya darasa zima. Nikafuta kwenye daftari langu. La mdogo wangu sikuligusa. Niliona aibu ajue kwamba kaka yake hukosea. Hapa duniani sijui mwingine anayeandika hivyo.

Nikamgeukia. Alikuwa anatazama viatu vyake.

"Jirani yupo?" mwenyekiti akauliza. "Unaridhia jengo la kaka yako libaki?"

Akasimama, akasafisha koo. "Mheshimiwa, kaka yangu namheshimu kama baba. Ila sheria ni sheria."

Nikapewa siku thelathini za kubomoa. Pale kwenye korido nikamshika mkono wa shati.

"Barua ni yako."

"Nani kasema?"

"Mwandiko umeuficha. Kinyumbe hukukificha."

Hakuelewa, wala sikumweleza. Lakini hakubisha tena.

"Kaka, miaka mitatu nakuomba njia ya gari upande wa mbele, unanijibu kwa vifungu. Unadhani umesoma peke yako?"

"Gari lenyewe huna."

"Nitanunua. Niachie njia, kesho natia sahihi."

"Mita tatu unazotaka zinapita juu ya kitanda changu. Nikikupa, nilale wapi?"

"Si kuna chumba kipya cha binti?"

Alisema hivyo bila hata kupunguza sauti. Nikaona amekwisha kulipiga hesabu hilo zamani, labda siku ile ile tunanyanyua zege, na kila mtu nyumbani kwangu amekwisha kumpangia pa kulala.

Sikukubali trekta la manispaa. Nilichokijenga nitakibomoa mwenyewe, tofali moja moja, ili yafae kwingine. Binti yangu na wanawe wamehamia sebuleni. Godoro wanalikunja asubuhi ili mlango ufunguke. Hajanilaumu, na hilo ndilo linaloniuma zaidi.

Siku ya tatu nilikuwa juu ya ngazi, ukuta umeshuka usawa wa dirisha, mdogo wangu akatokeza kichwa upande wake wa mpaka.

"Shikamoo, kaka."

Tangu ajue kusema ananiamkia, na tangu hapo namwitikia. Nikachomeka patasi kwenye kiungo cha tofali.

"Shikamoo, kaka," akarudia, kwa sauti ya juu kidogo.

"Baba, unaamkiwa," binti yangu akasema kutoka chini, akidhani ni masikio.

"Nimesikia," nikamjibu, nikainua nyundo.